Dharra Moja na Adhabu ya Moto



 Ndugu zangu katika imani, napenda turudi kwenye swali lililobaki bila jibu katika darsa yetu ya baada ya Isha. Ndugu yetu mmoja, mwanafunzi wa uhandisi, alisema kwamba umma hautaheshimiwa mpaka kila nchi ya Kiislamu iwe na bomu la nyuklia. Akaitaja aya ya 60 ya Sura Al-Anfal, inayotuamuru tuandae nguvu kadiri tuwezavyo. Wengi walitikisa vichwa kukubali. Wachache walinong'ona kwamba ni haramu, lakini hakuna aliyetoa dalili. Muda ukaisha, watu wakaenda kulala.

Wanazuoni wametufundisha kwamba huwezi kukihukumu kitu usichokielewa. Basi tukijue kwanza hicho kitu chenyewe.

Mimi ni mtoto wa Nabuyoga, na anayetoka upande wetu wa Tororo anazijua foleni za matrela za Malaba na Busia. Wakati wa korona, madereva walipokuwa wakisubiri kupimwa, zilivuta kilomita na kilomita. Sasa chukua trela moja, lipakie tani 30 za baruti kali ya TNT. Bomu lililoangushwa Hiroshima, Japani, tarehe 6 Agosti 1945 lilikuwa na nguvu ya takriban tani 15,000 za baruti hiyo. Hayo ni matrela 500. Yape kila moja nafasi ya mita 20 barabarani, na foleni ni kilomita 10: kutoka mpaka wa Malaba inakaribia kuingia mjini Tororo. Yote yamelipuka kwa pamoja, katika muda mfupi kuliko wa kupiga chafya.

Na hilo lilikuwa dogo. Tarehe 1 Machi 1954 Wamarekani walijaribu bomu la haidrojeni katika visiwa vya Bikini, Bahari ya Pasifiki. Wataalamu walitarajia tani milioni 6, likatoa milioni 15. Wenyewe walioliunda hawakujua ukubwa wake. Kisha tarehe 30 Oktoba 1961 Warusi wakalipua la tani milioni 50 juu ya kisiwa cha Novaya Zemlya. Rudi kwenye foleni yetu: matrela zaidi ya milioni moja na nusu, kilomita kama 33,000. Mstari wa ikweta, huu unaopita hapa Uganda, unaizunguka dunia yote kwa kilomita 40,000 hivi.

Nguvu hii haitoki kwenye baruti. Inatoka ndani ya kiini cha atomu, kitu kidogo kisichoonekana kwa jicho. Bomu la Hiroshima lilibeba kilo 64 za urani. Kipande kimoja kilifyatuliwa kama risasi ndani ya mtutu kikakutana na kingine, viini vikaanza kupasuka, kimoja kikipasua vingine. Urani iliyopasuka kweli haikufika hata kilo moja, na maada iliyogeuka kuwa nishati ilikuwa chini ya gramu moja. La Nagasaki, siku tatu baadaye, lilikuwa tufe la plutoniamu la kilo kama 6 lililobanwa kwa baruti kutoka pande zote. Mabomu ya haidrojeni yaliyokuja baadaye hutumia bomu la namna hiyo kama kiberiti tu cha kuwashia moto mkubwa zaidi.

Waarabu wa leo huiita atomu dharra. Ni neno lile lile tunalolisoma katika Sura Az-Zalzala, sura ambayo karibu kila mmoja wetu aliihifadhi madrasa akiwa mdogo, kwamba uzito wa dharra wa kheri utaonekana na uzito wa dharra wa shari utaonekana. Sisemi kwamba Qur'ani ilikuwa inaelezea fizikia. Sipendi sana tabia hiyo ya kutafuta kila uvumbuzi ndani ya aya baada ya wengine kuuvumbua. Nasema tu kwamba aliyebonyeza kitufe cha gramu moja ana hesabu yake, na tuliotikisa vichwa kwenye darsa tunayo yetu.

Chukua sasa bomu kama lile la Hiroshima, lipasuke mita 600 juu ya mji wa Tororo, asubuhi saa mbili na robo, saa ile ile lililopasukia kule. Kwanza ni mwanga na joto. Chini ya mlipuko ardhi hufikia maelfu ya nyuzi joto, na mtu aliye wazi kilomita mbili mbali ngozi yake huungua. Halafu linafuata wimbi la hewa linalobomoa nyumba. Soko, ofisi na shule zilizo karibu haziachwi. Moto midogo midogo huungana ukawa mmoja. Na kuna mionzi, isiyo na harufu wala rangi, inayomfanya mtu aliyetoka salama leo anyonyoke nywele na kutokwa damu wiki mbili baadaye. Kule Hiroshima zaidi ya asilimia 90 ya madaktari na wauguzi waliuawa au kujeruhiwa, kwa hiyo hata wa kumfunga mtu kidonda hakuwapo. Maelfu ya wanafunzi wa umri wa miaka 12 na 13 walikuwa wametolewa madarasani kubomoa nyumba ili kuzuia moto usienee. Wengi wao hawakurudi. Hadi mwisho wa mwaka 1945 watu wapatao 140,000 walikuwa wamekufa. Watoto waliokuwa bado matumboni mwa mama zao, baadhi yao walizaliwa na vichwa vidogo na akili iliyodumaa.

Hilo lilikuwa bomu dogo. Lile la Warusi linakadiriwa kubomoa kila kitu hadi kilomita 35 kutoka katikati. Maana yake, likipasukia Tororo, Busia haipo, Malaba haipo, na Nabuyoga yetu haipo.

Sura Al-Baqara, aya ya 205, inamtaja mharibifu anayeangamiza mimea na vizazi. Soma tafsiri yake kisha usome habari za Hiroshima.

Tusidhani kwamba haya ni ya Wajapani na Wamarekani peke yao. Sehemu kubwa ya urani ya mradi ule ilichimbwa Shinkolobwe, Katanga, hapa jirani Kongo. Kampuni ya Kibelgiji ya Union Minière ndiyo iliyomiliki mgodi, na mkurugenzi wake Edgar Sengier alikuwa amekwisha kupeleka zaidi ya tani 1,000 za mawe hayo New York mwaka 1940. Mawe yalikuwa na utajiri wa ajabu, hadi asilimia 65 urani, wakati kwingine hata asilimia moja ilikuwa bahati. Waliochimba ni Waafrika kama sisi. Hawakuambiwa mawe yanakwenda kufanya nini, wala yanaifanya nini miili yao. Wakati huo huo babu zetu wa King's African Rifles walikuwa Burma wakipigana na Wajapani. Mwafrika alikuwa pande zote za vita ile isipokuwa kwenye meza ya maamuzi. Nikiwaona vijana wetu wa Busia wanaochezea zebaki kwa mikono mitupu wakitafuta dhahabu, siwezi kuacha kuifikiria Shinkolobwe.

Na ardhi ya Waislamu? Tarehe 13 Februari 1960 Ufaransa ililipua bomu lake la kwanza karibu na Reggane, jangwani Algeria, lenye nguvu zaidi ya mara nne ya lile la Hiroshima. Hadi mwaka 1966 ilikuwa imefanya majaribio 17 katika nchi hiyo. Huko Semipalatinsk, Kazakhstan, Wasovieti walifanya majaribio 456 kati ya 1949 na 1989, na vijiji vya Wakazaki viko jirani. Kwa hiyo ndugu yangu anaposema bomu litatulinda, namwomba akumbuke kwamba hadi leo Waislamu wamelijua zaidi kwa kuugua kuliko kwa kulindwa.

Sasa hukumu. Katika hadithi iliyopokewa na Abu Dawud, Mtume (S.A.W.) aliona safarini kichuguu cha sisimizi kilichochomwa na maswahaba, akawakataza, akieleza kwamba adhabu ya moto ni ya Mola wa moto peke yake. Ni sisimizi, ndugu zangu. Na alipoona mwanamke ameuawa vitani alichukizwa na akakataza kuua wanawake na watoto. Abu Bakr (R.A.) alipolituma jeshi Shamu aliwausia wasiue mzee wala mtoto, na wasikate miti yenye matunda.

Wapo wanaojibu kwa manjaniki, kwamba imepokewa kuwa ilitumika katika kuuzingira mji wa Taif, na jiwe lake halichagui. Ni hoja yenye uzito, na mwanafunzi wa fiqhi asiipuuze. Lakini jiwe la manjaniki lililengwa kwenye ukuta, na mrushaji aliweza kuacha. Tena tazama mwisho wa Taif: Mtume (S.A.W.) aliondoka bila kuuteka mji, akawaombea watu wake uongofu, na mwaka uliofuata wakaja wenyewe kusilimu. Nagasaki ya kesho isingebaki na mtu wa kuja kusilimu.

Kuhusu Al-Anfal, aya inazungumzia kumtia adui hofu, na baadhi ya wanazuoni wa zama zetu wameruhusu kumiliki silaha hii kwa kuzuia tu, bila kuitumia. Pakistani ililijaribu lake mwaka 1998. Mimi sikinaiki. Hofu hiyo haifanyi kazi ila adui aamini kwamba uko tayari kweli kuchoma watoto wake, na nia hiyo ndiyo inayokatazwa. Aya inayofuata, ya 61, inaelekeza kwenye amani wakiielekea, na mara nyingi huachwa na wanaoinukuu ya 60.

Afrika ilichagua njia nyingine. Afrika Kusini iliunda mabomu sita ikayavunja yenyewe, na Mkataba wa Pelindaba, uliotiwa saini Cairo tarehe 11 Aprili 1996, umelifanya bara letu eneo lisilo na silaha za nyuklia.

Lakini elimu ya nyuklia inakuja kwetu. Serikali ya Uganda inapanga kinu cha umeme wa nyuklia Buyende, huko Busoga, na watatafutwa vijana wa fizikia na uhandisi, pengine wewe unayesoma hapa. Umeme ni kheri, na mionzi inayotibu saratani ni kheri. Ndugu yangu wa uhandisi, Ijumaa ijayo insha'Allah darsa ni yako: tueleze urani ya kinu inatofautianaje na urani ya bomu, na ni hatua gani, ukiombwa na mwajiri wako uivuke, utakataa.