Mzee wa Kusikilizwa ni Yupi?

Methali yetu yasema: Penye wazee haliharibiki neno. Wengi wetu tuliisikia tukiwa wadogo, tukaikubali bila swali. Lakini bwana na bibi wanapokuwa wameishi pamoja miaka kadhaa, na matatizo ya nyumba yanapoongezeka, swali huja lenyewe: Je, kuwaheshimu wazee ni kuwatii katika kila jambo? Na kama sivyo, tutajuaje ni shauri lipi la kufuata na lipi la kuacha?

Swali hili si dogo. Kuna nyumba zilizopona kwa neno moja la mzee, na kuna nyumba zilizovunjika kwa neno moja la mzee.

Tuchukue mfano. Bwana na bibi wanafanya kazi mjini, nao wana watoto watatu. Kila mwisho wa mwezi bwana humtumia mama yake pesa kabla karo ya shule haijalipwa. Bibi amenuna. Bwana asema, "Mama ndiye aliyenisomesha." Bibi ajibu, "Na hawa watoto watasomeshwa na nani?" Kila mmoja ana haki kwa upande wake, na maneno hayo wamekwisha kuambiana mara nyingi bila faida.

Wakienda kwa rafiki wa bwana, atamtetea bwana. Wakienda kwa dada wa bibi, atamtetea bibi. Lakini mzee mwenye busara atawakaribisha, atawauliza habari za watoto, kisha atamwacha bibi aseme mpaka amalize, na bwana vivyo hivyo. Ndipo atakapouliza jambo ambalo wao wenyewe hawakuliwaza: "Je, mama mmewahi kumwambia karo ni kiasi gani?" Huenda mama hajui. Huenda angejua, yeye mwenyewe angesema, "Mwanangu, mwezi wa kufungua shule usinitumie kitu."

Hapo ndipo tunapoona faida ya wazee katika maisha ya kila siku. Si kwamba wao wana akili kuliko vijana. Ni kwamba wameona mambo yakianza na wameyaona yakiisha. Sisi tunaona ugomvi wa leo tu. Mzee ameona ugomvi kama huo ulizaa nini baada ya miaka 20. Kuishi kwingi ni kuona mengi. Tena wahenga walisema, Mkubwa ni jalala. Yale tunayoyatupa kwake huyapokea yote, machungu na ya aibu, wala hayatoki tena kwenda kutembea mtaani.

Biblia yatupa mfano mzuri wa mzee wa namna hii, naye ni mkwe. Katika kitabu cha Kutoka, sura ya 18, Yethro alikuja kumwona Musa, akimletea Sipora mkewe na wanawe wawili. Siku ya pili alimwona Musa ameketi toka asubuhi hadi jioni akiwaamua watu. Kwanza aliuliza kwa nini anafanya hivyo, akasikia jibu. Kisha akamwonya kwamba atachoka yeye na watu wake, akamshauri achague watu waaminifu wamsaidie. Hata hivyo hakumlazimisha. Alimwambia afanye hivyo kama Mungu naye anamwagiza. Musa akakubali, na Yethro akarudi nchini kwake. Wakwe wangapi leo hutoa shauri jema, kisha wakarudi kwao na kuwaachia watoto nyumba yao?

Lakini Biblia hiyo hiyo yatuonya pia. Katika kitabu cha Danieli, sura ya 13, wazee wawili waliokuwa waamuzi wa watu walimtamani Susana, mke wa mtu. Alipowakataa, walimshitaki kwamba amezini. Watu wakaamini kwa sababu walikuwa wazee na waamuzi. Kijana Danieli aliwatenganisha, akamwuliza kila mmoja peke yake jambo hilo lilitendeka chini ya mti gani. Wakataja miti tofauti, na uongo wao ukafichuka. Mvi zastahili heshima, lakini mvi si ushahidi kwamba neno ni la kweli.

Basi na katika ndoa, kuna mashauri ambayo hata yakitoka kwa mzee wa heshima hayafai kufuatwa. Mke anapigwa, anakimbilia kwa wazazi wake, naye anaambiwa, "Rudi ukavumilie, sisi sote tulivumilia." Watu hawajajaliwa mtoto, na wazee wanamshauri bwana kutafuta mke mwingine. Uvumilivu ni fadhila kubwa wakati wa umaskini, ugonjwa au huzuni. Kuvumilia kipigo ni jambo jingine kabisa. Sheria ya Kanisa, kanuni ya 1153, yamruhusu mwenye ndoa kutengana na mwenzake anayemtia katika hatari kubwa ya mwili au roho, yeye au watoto. Na ahadi ya kuwa waaminifu hadi kifo haikuwekewa sharti la kupata watoto.

Serikali yetu nayo imeona jambo hili. Katiba ya mwaka 2010, Ibara ya 159, yakubali njia za jadi za kusuluhisha ugomvi, kama zile za mabaraza ya wazee. Lakini yaweka mpaka: njia hizo zisivunje haki za msingi za mtu. Ibara ya 45 yasema kwamba mume na mke wana haki sawa katika ndoa. Tena kuna sheria ya mwaka 2015 ya kuwakinga watu na jeuri ya nyumbani, ambayo kwayo mahakama yaweza kutoa amri ya ulinzi. Mzee wa kweli hatakasirika mkiyakumbuka hayo.

Mzee wa kusikilizwa basi ni yupi? Kwanza, ni yule anayesikiliza pande zote mbili kabla ya kunena. Pili, hana faida yake mwenyewe katika shauri lake, iwe ni shamba, pesa au sifa. Tatu, maisha yake ya ndoa yanamshuhudia. Si kwamba hakukosana kamwe na mwenzake, bali walijua kupatana. Nne, anatunza siri. Tano, akisha kushauri, anawaachia ninyi uamuzi, kwa maana ninyi ndio mtakaoishi na matokeo yake.

Mzee huyo si lazima awe mwanamume. Nyumba nyingi zimesimama kwa sababu ya nyanya au shangazi aliyejua kusema neno dogo kwa wakati wake. Kama wazazi wenu wako mbali au wamefariki, watazameni wasimamizi wenu wa ndoa, au watu wazima katika jumuiya yenu ndogo ndogo. Jambo kubwa ni kwamba mmchague wote wawili, na mmchague wakati wa amani. Mzee aliyechaguliwa na mmoja katikati ya ugomvi huonekana kwa mwenzake kama wakili wa upande wa pili.

Tena tusiwatafute wazee wakati wa ugomvi na mazishi tu. Mwaka 2021 Papa Fransisko, ambaye sasa ni marehemu, aliweka Siku ya Babu na Bibi na Wazee, Jumapili ya nne ya Julai. Siku hiyo ni nafasi njema ya kuwapeleka watoto wakawaone na kuwauliza: Mlipoanza maisha mlikuwa na nini? Mlikosana juu ya nini, na mlipatanaje? Watoto wakisikia majibu, nao watajifunza kuuliza.

Juma hili, watoto wakisha kulala, ketini mjiulize: Tukipatwa na shida kubwa, tutakwenda kwa nani? Je, sisi sote wawili tunamwamini? Na vijana wa jirani wakitutazama sisi, wanaona watu ambao siku moja wangeweza kuwaendea?