Swali la Mtoto

Jioni moja hapa Mbeya mjukuu wangu alilia kwamba chai ya dada yake ni nyingi zaidi, ati kwa sababu bilauri yake ni ndefu. Nilikuwa nimewapimia sawasawa. Nikamcheka.

Piaget, yule Mswisi, angesema mtoto wa miaka 5 hupima kwa macho. Ataelewa kwa kushika na kumimina mwenyewe. Vygotsky wa Urusi angeniuliza: nawe mzee, ulimsaidiaje?

Nikamkumbuka Erasto Mpemba. Mwalimu alimcheka aliposema maziwa ya moto yaliganda kwenye jokofu upesi kuliko yaliyopoa. Baadaye, akisoma Mkwawa, Iringa, alimwuliza mgeni, Denis Osborne. Huyo alikwenda kulipima swali, na mwaka 1969 wakaliandika pamoja.

Nimeosha bilauri zote mbili. Kesho atamimina yeye.