Maji Yanayoingia, Maji Yanayotoka

Uani kwetu Biryogo kuna shimo la saruji la maji ya mvua. Yakizidi, pampu iliyozamishwa humo huyasukuma hadi mtaroni. Bomba likikauka, tunayachota tukatawadha. Masika haya niliona utando ukielea juu yake, zambarau na dhahabu. Nikasema papo hapo: ni gereji za huko juu! Mtaa wetu umejaa mafundi wa magari na wauza vipuri, na maji hufuata mteremko.

Nikamlalamikia shehe, jirani yetu. Akaniuliza, “Una yakini, mwanangu, au ni dhana?”

Sikuwa na jibu. Nikachomoa waya wa umeme, nikaitoa pampu, nikaiosha, nikaitumbukiza kwenye ndoo ya maji safi. Niliporudi kutoka sala ya alasiri, utando uleule ulikuwa umeenea ndoo nzima.

Mota ya pampu kama hii hukaa ndani ya mafuta, yanayoipoza na kulainisha beringi. Kinachoyatenga na maji ni sili ya kwenye shafti. Mchanga ukiila, mafuta hutoka, maji huingia. Fundi alipoifungua, mafuta yaliyosalia yalikuwa meupe, mazito, kama chai ya maziwa. Akaweka sili mpya na mafuta ya aina iliyoandikwa kwenye kijitabu cha pampu.

Na udhu wetu je? Shehe akanifungulia Minhaj ya Imam Nawawi: maji yaliyobadilika kwa kukaa na kitu kisichochanganyika nayo, na mafuta yametajwa, bado yanatoharisha. Nilishusha pumzi.

Usiku sikulala vizuri hata hivyo. Kwa wiki ngapi pampu yangu ilimwaga mafuta mtaroni, yakiwapitia walio chini yetu hadi bondeni? Nimewadhania vibaya wa juu, nikawachafulia wa chini. Kitabu kimenisafishia udhu; haki ya jirani iko palepale. Siamini kwamba tohara inakomea kwenye viungo vyangu, ilhali uchafu wangu unatiririka mlangoni kwa mwingine.

Jumamosi ya mwisho wa mwezi, kwenye umuganda, kazi ya pamoja ya mtaa, tukizibua mtaro, nilimwomba radhi mama wa nyumba ya chini. Kisha nikapanda gereji, nikawaeleza mafundi nilivyowadhania. Walinisikiliza hadi mwisho, wakayapokea mafuta yangu machafu, wakayamimina kwenye pipa lao.