Upuuzi, Maana na Wajibu wa Msanii

Suala la iwapo msanii ana wajibu wa kueleweka ni kongwe katika uhakiki. Ubishi huo hukolea pale kazi yenyewe inapokataa makusudi kutoa maana. Mfano mwafaka ni filamu fupi ya mwaka 1971 ya Jan Švankmajer, msanii wa Chekoslovakia aliyefuata mkondo wa usurealisti, unaotanguliza mantiki ya ndoto. Filamu hiyo ilichota msukumo kutoka kwa “Jabberwocky”, shairi la Mwingereza Lewis Carroll lililochapishwa mwaka 1871.

Shairi la Carroll limejaa maneno ya kubuni, lakini sarufi, vina na mizani yake vimepangika barabara. Msomaji hutambua kitenzi na nomino hata asipojua vinarejelea nini. Švankmajer naye ana nidhamu iyo hiyo: kabati linakimbia msituni, vazi la mtoto linacheza pasi na mvaaji, wanasesere wanapikwa na kuliwa na wenzao. Kila mstari unapotafuta njia katika mzingile, paka mweusi huja akabomoa ukuta wa vibao vya kuchezea. Hakuna kinachofafanuliwa, ilhali kila tukio lina utaratibu wake.

Wapo watakaodai kuwa kazi kama hii ni ukwepaji. Majeshi ya Mkataba wa Warsaw yaliivamia nchi hiyo Agosti 1968. Je, miaka mitatu baadaye ulikuwa wakati wa michezo ya watoto? Hoja hii ina uzito. Hata hivyo, inasahau kwamba swali “Hii ina maana gani?” ndilo pia swali la mdhibiti wa sanaa, ambaye hutaka jibu moja ili apate cha kupiga marufuku. Mhakiki anayelazimisha dhamira moja humrahisishia kazi.

Hili halimaanishi kuwa kila kisichoeleweka ni sanaa. Kitendawili hufumbuliwa mtegaji akishapewa mji. Upuuzi wa kisanaa hauna jibu hata ukipewa miji kumi, lakini una sheria zake za ndani. Sheria hizo zikikosekana, hubaki ubabaishaji mtupu.

Mwishoni mwa filamu mstari unatoka katika mzingile, paka yumo tunduni, na kabatini suti ya mtu mzima imechukua mahali pa vazi la mtoto. Iwapo huo ni ushindi au hasara, filamu haisemi. Mtazamaji ndiye anayelazimika kuhukumu, na kwa kumwachia kazi hiyo msanii amekwisha kutimiza wajibu wake.