Umaskini wa Mzazi Haumfanyi Mtoto Kuwa Yatima

Kila nisomapo maandishi ya Charles Loring Brace, mchungaji aliyeasisi shirika la Children's Aid Society jijini New York mwaka 1853, imani yake moja hunigusa: mtoto akue ndani ya familia. Enzi hizo watoto wengi wa jiji hilo walilala nje, wakiuza magazeti na viberiti ili wale. Wakubwa waliwaona wahalifu watarajiwa wa kufungiwa gerezani au kwenye makao makubwa ya yatima. Brace alipinga. Katika kitabu chake cha mwaka 1872, The Dangerous Classes of New York, alisisitiza kuwa maisha ya makundi ndani ya taasisi humdumaza mtoto, akashindwa kujitegemea.

Mwaka 1854 akaanza kuwapeleka watoto hao kwa treni kwa wakulima wa magharibi mwa nchi. Hadi safari hizo zilipokoma mwaka 1929, watoto wapatao 200,000 walikuwa wamesafirishwa na shirika lake na mengine yaliyofuata nyayo zake. Wapo waliopata wazazi wa kuwapenda kweli. Lakini tazama walivyopokelewa: wamepangwa jukwaani kanisani, wenyeji wakiwakagua, wengine wakiwapapasa misuli ya mikono kupima nguvu za kazi ya shamba. Ndugu wa tumbo moja walishushwa vituo tofauti. Na wengi hawakuwa yatima. Mama au baba alikuwa hai, ila kodi na chakula vilimshinda.

Brace aliiamini familia, ila imani hiyo hakumpa mama maskini. Ilibidi ifike mwaka 1909, katika mkutano ulioitishwa Ikulu ya Marekani na Rais Theodore Roosevelt, ndipo ikatamkwa kwamba mtoto asiondolewe kwao kwa sababu ya umaskini tu. Mwaka 1911 jimbo la Illinois likapitisha sheria ya kuwapa akina mama posho walee wanao nyumbani.

Nasi tuna uamuzi huohuo mbele yetu. Kenya ilizindua mwaka 2022 mkakati wa miaka kumi wa kuwatoa watoto kwenye vituo vya malezi na kuwarejesha kwenye familia. Malezi ya kambo ni jambo jema kwa asiye na wa kumlea, mradi mlezi achunguzwe kwanza na mtoto atembelewe baadaye. Ila mwenye mama, bibi au shangazi anayempenda, msaada wetu umfikie huyo ndugu kwanza. Misaada tunayoipeleka kituoni ingetosha unga, ada na kodi ya chumba vya kumbakiza mtoto kwao.